Marius Constant na zile noti nne za gitaa

Ile gitaa ya The Twilight Zone, tamthilia ya zamani ya TV ya Marekani yenye hadithi za ajabu, noti nne zinazojirudia, inapanda kidogo, inarudi ilipoanza, inashuka, halafu tena na tena, hata mtu ambaye hajawahi kuona episodi moja akiisikia anajua kuna jambo la ajabu linakuja. Ila muulize nani katunga. Wengi hawajui, na wanaofuatilia mziki wa filamu watakuambia Bernard Herrmann, kwa sababu kweli Herrmann ndo alitunga ya mwanzo mwaka 1959, ila ile ni nyingine kabisa, ya taratibu na nzito.

Hii tunayoijua wote ni ya Marius Constant. Kazaliwa Bucharest 1925, akaenda Paris akasoma kwa Olivier Messiaen, Nadia Boulanger na Arthur Honegger, majina makubwa ya mziki wa klasiki, yaani huyu ni mtu wa mziki wa okestra haswa, sio mtu wa TV.

Sasa ilikuwaje? CBS, kituo cha TV cha Marekani kilichorusha tamthilia hiyo, walikuwa na maktaba ya vipande vifupi vilivyorekodiwa tayari, mhariri akihitaji hofu anachukua cha hofu, akihitaji mtu anakimbia anachukua cha mbio, na Constant alikuwa kawatungia baadhi. Mkuu wao wa mziki, Lud Gluskin, akachukua viwili, Étrange No. 3 na Milieu No. 2, akaviunganisha, ikawa mziki wa kufungulia msimu wa pili, 1960. Vipande viwili ambavyo havikuandikwa vikae pamoja!

Sisi tunaotengeneza mziki wa tamthilia tunajua kawaida ukitoka wazo moja kwenda jingine unaweka daraja, mtazamaji asishtuke. Pale daraja hakuna. Gitaa inazunguka, ngoma ndogo za bongo zinaingia, vyombo vya kupuliza vinapiga kelele fupi fupi halafu kwisha, na mimi naamini kabisa nguvu yote iko hapo kwenye kiungo, maana hadithi zenyewe ni za mtu anayevuka kwenda dunia nyingine bila kuonywa. Mtunzi mmoja akikaa kuandika mwanzo mpaka mwisho angeshawishika kulainisha. Na ndo maana pia jina linapotea, mziki wa maktaba unaenda kwenye picha bila aliyeutunga kuwepo.

Lakini Constant hakukaa kusubiri TV. Alifanya baleti na Roland Petit, mtunzi wa dansi wa Ufaransa, 1963 akaanzisha kundi la Ars Nova la kupiga mziki mpya, 1981 akaipunguza opera ya Carmen ya Bizet kwa ajili ya jukwaa la mwongozaji wa maigizo Peter Brook, waimbaji wachache na okestra ndogo, kazi ya akili sana ile. Alifariki Paris 2004.

Ukitaka kumsikia vizuri anza na 24 Préludes zake za okestra, ambazo Leonard Bernstein ndo aliziongoza mara ya kwanza. Ni fupi fupi, moja haijapoa nyingine imeshaingia, utamtambua mara moja.