Pati tuu siyo muendelezo

Kuna kauli inazunguka sana hapa Dar, utaisikia saluni, kijiweni, kwenye daladala: muendelezo wa muvi siku zote mbovu, we angalia tu bongo muvi, pati wani tamu pati tuu hovyo. Mwanzo wa hiyo kauli tunaweza kubishana mpaka asubuhi. Mwisho wake ni kosa kabisa jamani, na linarudiwa hata na watu wanaojua muvi kuliko mimi, maana pati tuu ya bongo muvi siyo muendelezo.

Muendelezo, au sikweli kama wengi tunavyosema, ni muvi mpya inayokuja baada ya muvi nyingine iliyokwisha, inawachukua watu walewale au dunia ileile na kuwapa jambo jipya. Basi. Hapo pa kushikilia ni "iliyokwisha".

Nadhani kinachotuchanganya ni neno lenyewe. Enda, endelea, endeleza, muendelezo, yaani kitu bado kiko njiani hakijafika. Ndo maana tamthilia ikikatwa usiku tunaambiwa muendelezo kesho na ni sahihi kabisa. Lakini sikweli ukiifuatilia nyuma mpaka Kilatini inatoka kwenye kitenzi sequi, kufuata, na anayefuata hahitaji aliyetangulia awe amekatwa katikati, anahitaji tu awe ametangulia. Kiswahili kimeyaweka yote mawili kwenye neno moja na sisi tukayachanganya.

Sasa njoo kwenye bongo muvi. Enzi za VCD diski moja ilikuwa inabeba dakika 74 mpaka 80 hivi, muvi ya saa mbili haiingii hata ufanyeje, na Wanigeria ambao tuliwaiga mengi walikuwa wameshazoea kuuza muvi kwa mafungu. DVD ikaja, nafasi ikapatikana ya kutosha, lakini kukata hakukuisha kwa sababu msambazaji anauza mara mbili, unanunua pati wani Kariakoo, inaishia pale mlango unapofunguliwa na hujaona nani anaingia, inabidi urudi dukani. Hadithi moja, skripti moja, waigizaji walewale na shutingi ileile. Chapati ukiikata katikati ile nusu ya pili siyo chapati ya pili! Na kwa kuwa stori ya dakika 90 ililazimika kuvutwa ijaze diski mbili, basi pati tuu ndo ikabebeshwa zile sini za mtu anaendesha gari mpaka afike, anapaki, anashuka, anapiga hodi, simu ya dakika nne ya kusema nakuja. Hapo lazima iboe.

Wala siyo sisi tu. Kill Bill ya Tarantino ilipigwa kama muvi moja ikatoka vipande viwili, 2003 na 2004. Gangs of Wasseypur ya Wahindi ya 2012 ina zaidi ya saa tano, nayo ikakatwa mbili. Na mfano ninaoupenda kuliko yote ni Living in Bondage ya Nigeria, pati wani ilitoka 1992, pati tuu ikafuata 1993, hadithi ileile ya Andy Okeke, halafu 2019 ndo ukaja muendelezo wenyewe, Breaking Free, unaomhusu mtoto wa Andy, na aliyeuongoza ni Ramsey Nouah, yule aliyecheza na Kanumba kwenye Devil Kingdom. Kwa hiyo muvi moja imekaa na pati tuu miaka mingi kabla haijapata sikweli. Ukiyaelewa haya mawili umeelewa yote.

Kuna na kinyume chake, namba 2 ipo kwenye jina lakini hakuna kinachoendelea. Aashiqui 2 ya 2013 haina stori ya Aashiqui ya 1990. Troll 2 ya 1990, inayotajwa kila watu wakihesabu muvi mbovu kuliko zote duniani, haihusiani na Troll ya 1986 na humo ndani hakuna hata troli mmoja, yaani yale majitu ya hadithi za Ulaya, wale ni goblini, vijizimwi vidogo, na jina la mwanzo lilikuwa Goblins. Huwezi kuiita sikweli mbovu. Ni muvi mbovu iliyopewa namba.

Na mbovu na kutuangusha navyo ni vitu viwili. The Room ya Tommy Wiseau, 2003, ni mbovu kweli ila haikumwangusha mtu, nani alikuwa anaisubiri? Speed 2 ya 1997 ndo ilituangusha, dairekta yuleyule Jan de Bont, Keanu Reeves akakataa kurudi, na lile basi la Speed ya kwanza ambalo likishuka chini ya maili 50 kwa saa linalipuka likabadilishwa kuwa meli ya watalii, sasa meli na spidi wapi na wapi. The Godfather Part III ya 1990 watu wanaiweka kundi hilohilo, na ile ilitajwa kuwania Oscar saba ikiwemo ya filamu bora, shida yake ni kwamba mbili zilizotangulia zote zilichukua hiyo tuzo.

Kwa hiyo ukiangalia bongo muvi ya zamani na pati tuu ikakuboa, sema tu nusu ya pili imevutwa. Ukisema sikweli mbovu unamlaumu mwandishi kwamba kakosa wazo jipya wakati hakuna aliyemwomba wazo jipya, aliandika stori moja ikakatwa na wengine. Ziangalie zote mbili usiku mmoja bila kusimama, halafu ndo useme muvi ilikuwaje.