Shingo Imevimba, Lakini Tezi Inafanya Nini?

Mgonjwa mwenye uvimbe mbele ya shingo huwa na swali moja kubwa kwa daktari: utaendelea kukua? Ana haki ya kuuliza. Mimi hutanguliza jingine: tezi iliyo ndani ya uvimbe huo inafanya kazi kiasi gani? Rovu, ambalo siku hizi wengi huliita goita, ni jina la umbo tu. Linasema tezi ya thairoidi imekuwa kubwa. Halisemi kama tezi hiyo imezembea, iko sawa au imechachamaa. Wapo wenye rovu linaloonekana kutoka mbali ambao homoni zao hazina kasoro yoyote, na wapo wenye shingo laini kabisa ambao tezi inawaendesha mbio mchana na usiku.

Tezi hii imekaa chini kidogo ya kikoromeo, ina mabawa mawili kama kipepeo, na kwa mtu mzima ina uzito wa gramu 15 hadi 25 hivi. Hutengeneza homoni mbili, T4 na T3, na tarakimu hizo ni idadi ya atomi za iodini, yaani madini joto, zilizomo katika kila homoni. Madini hayo yakikosekana, hakuna homoni. Mtu mzima anahitaji mikrogramu 150 kwa siku, mjamzito 250. Ni kiasi kidogo mno, hata ukijumlisha mahitaji ya miaka 70 hujazi kijiko cha chai.

Tezi ina bosi wake chini ya ubongo, tezi ya pituitari. Homoni zikipungua kwenye damu, pituitari hutoa kichocheo kiitwacho TSH kuihimiza thairoidi iongeze kazi. Sasa fikiria thairoidi isiyo na madini joto ya kutosha. Inahimizwa, malighafi haina, inabaki kunenepa. Hilo ndilo rovu la upungufu wa madini joto, lililo la kawaida kuliko yote duniani, na mwenye nalo kwa kawaida ana homoni za kutosha au pungufu. Basi homoni hujaa vipi kwa mtu mwenye rovu?

Njia ya kwanza ni ugonjwa wa Graves, uliopewa jina la daktari wa Ireland, Robert Graves, aliyeueleza mwaka 1835. (Mjerumani Karl von Basedow aliuandika mwaka 1840, ndiyo maana kwao una jina lake.) Hapa kinga ya mwili hukosea na kutengeneza kingamwili zinazokaa pale pale ambapo TSH hukaa kwenye tezi. Tezi hudhani imeagizwa kuzalisha. Pituitari ikiona homoni zimefurika hunyamaza, TSH inashuka karibu na sifuri, lakini amri ya uongo haikomi. Tezi huvimba pande zote mbili huku ikizalisha, na kwa baadhi ya wagonjwa macho hutokeza, huwasha na kuwa mekundu. Uvutaji wa sigara huyazidishia macho hayo madhara, na ningependa kila mgonjwa wa Graves anayevuta aambiwe hivyo siku ya kwanza.

Njia ya pili ni ya polepole. Rovu la miaka mingi huota vinundu, na baadhi ya vinundu hivyo mwishowe hujitawala, vinazalisha homoni bila kungoja agizo la mtu. Aghalabu humpata mtu wa makamo au mzee ambaye uvimbe wake umezoeleka na kila mtu nyumbani. Kosa ninalolikuta hapa ni matone au vidonge vya iodini vinavyonunuliwa bila kipimo, kwa kuwa mtu amesikia goita husababishwa na upungufu wa madini joto. Kinundu kinachojitawala ukikipa iodini nyingi umekipa kuni, na moyo unaweza kuanza kwenda mbio ndani ya wiki chache. Simaanishi chumvi yenye madini joto, ambayo kiasi kilichomo ni kidogo na faida yake ni kubwa. Nasema dozi kubwa za kujinunulia.

Dalili za homoni kuzidi hudanganya. Kijana hukonda ilhali anakula vizuri, hutokwa jasho wenzake wakijifunika, hukasirika upesi, hakosi chooni, usingizi unampaa, hedhi inavurugika. Mwambie anyooshe mikono mbele na uweke karatasi juu ya vidole; karatasi itatetemeka. Wengi wametibiwa wasiwasi kwa miezi kabla mtu hajafikiria shingo. Mzee naye anaweza asiwe na lolote kati ya haya. Amechoka, amepungua, na mapigo ya moyo wake hayana mpangilio. Moyo wa namna hiyo hugandisha damu, na bonge likisafiri hadi kwenye ubongo, kiharusi.

Kipimo cha kwanza ni TSH. Ikiwa chini huku T4 au T3 ikiwa juu, jibu limepatikana. Mwenye kumeza vitamini iitwayo biotini kwa ajili ya nywele na kucha aseme mapema, kwa sababu dozi kubwa huweza kupotosha majibu ya maabara. Ultrasaundi huonyesha umbo na vinundu, lakini nayo haisemi tezi inazalisha kiasi gani.

Matibabu hufuata chanzo. Carbimazole na dawa za jamii yake huzuia homoni mpya, ila hazigusi akiba iliyokwisha tengenezwa, na akiba hiyo hutosha kwa wiki kadhaa. Anayelalamika wiki ya pili kwamba dawa haifanyi kazi avumilie. Mara nyingi tunampa propranolol itulize moyo kwa muda huo, isipokuwa akiwa na pumu. Kwa Graves dawa hutumika miezi 12 hadi 18, na wapo wanaopona kabisa na wapo ambao ugonjwa huwarudia. Vinundu vinavyojitawala havitulii kwa kungoja, kwa hiyo huishia kwenye iodini yenye mionzi, ambayo huua seli za tezi zinazoifyonza, au upasuaji. Iodini hiyo haipewi mjamzito wala anayenyonyesha. Baada ya tiba hizi mbili, wengi huhitaji kidonge cha homoni kila siku maisha yao yote.

Mwanamke anayetarajia kubeba mimba atuambie kabla, maana dawa inaweza kubadilishwa. Na kila anayemeza carbimazole ajue hili: kwa watu wachache sana dawa huangusha seli nyeupe za damu, ghafla. Ukipata homa, koo kuuma au vidonda mdomoni, usimeze kidonge kinachofuata hadi damu yako ipimwe, siku hiyo hiyo.