Kameramani hajapandishwa cheo

Juzi kwenye uzinduzi wa filamu fupi ya hali halisi, mshereheshaji alimkaribisha dada mmoja jukwaani hivi: "Zamani alikuwa kameramani, sasa ni dairekta!" Makofi. Mimi nikaguna.

Kwa kifupi: mwongozaji, yaani dairekta, huamua filamu inasimulia nini, na ndiye wa kuulizwa ikishatoka. Mpigapicha huamua jicho lako likae wapi. Basi.

Sasa tuje kwenye neno lenyewe. "Kamera" ni Kilatini, maana yake chumba, na hilo "mani" la mwisho mnalijua. Kwa hiyo dada yule ameitwa mwanamume wa chumba, tena wa zamani. Afadhali sinematografa. Ndugu wawili Lumière wa Ufaransa waliipa mashine yao ya 1895 jina la cinématographe, kutokana na Kigiriki: mwendo, na kuandika. Kiswahili kikachukua nusu ya kwanza, sinema, kikaipa hata jumba la kuonyeshea. Ile nusu ya kuandika tukaiacha njiani, na ndiyo ninayoililia.

Maana kwenye hali halisi hakuna "rudieni tena". Mkunga akihangaika na kichanga kisichopumua vizuri, anayeamua kusogea, kubaki au kushusha kamera ni aliyeishika, papo hapo. Huko si kubeba mzigo, ni kuandika.

Mtazameni Mmarekani Kirsten Johnson. Alisomea upigaji picha La Fémis, chuo cha filamu cha Paris, akafanya kazi hiyo miaka 25, nyingi yake akiwapigia waongozaji wengine. Mwaka 2016 akakusanya vipande vya picha alizowapigia, akaviunga kuwa filamu yake mwenyewe, akaiita Cameraperson: mtu wa kamera, bila "mani". Kuna kipande cha Missouri, wingu limetanda, radi inapiga, naye nyuma ya kamera anapiga chafya na picha nzima inatikisika. Mwingine angekitupa. Alipopiga chafya alikuwa mpigapicha. Alipoamua chafya ibaki, alikuwa mwongozaji. Ni mtu yuleyule, na kamera hakuiweka chini.

Kwa hiyo, kaka mshereheshaji, siku nyingine sema tu: "Ni mpigapicha, na hii ameiongoza mwenyewe." Hiyo "zamani" iache.