Mwigizaji wa uhusika ni nani?

Kibanda umiza, Kirumba, Mwanza. Benchi la mbao, pazia jeusi mlangoni, harufu ya dagaa iliyoingia na vijana wa soko la samaki la Mwaloni. Kwenye skrini anatokea mzee mmoja, anasema maneno mawili, na jirani yangu anaropoka: "Huyu si ndiye alikuwa polisi kwenye ile ya jana?" Jina lake hakuna anayelijua. La stelingi wanalijua hata watoto wanaochungulia kwenye matundu ya mabati.

Mzee yule ndiye ninayemwita mwigizaji wa uhusika. Kazi yake ni kusadikika tu, kupendwa hakumhusu: mlinzi wa geti, baba mwenye nyumba, tapeli, mlevi. Usimchanganye na ekstra, yule anayepita nyuma na ndoo ya maji. Hata "mwigizaji msaidizi" si yeye hasa, maana hilo linataja ukubwa wa nafasi, na huyu kuna siku hukabidhiwa filamu nzima.

Siku hiyo mara nyingi huja kwenye filamu huru, zile zinazotengenezwa nje ya kampuni kubwa. Kampuni kubwa huuza jina la stelingi. Anayetengeneza kwa pesa za kuungaunga hana ubavu huo, basi hutafuta fundi. Ndugu wawili wa Marekani, Joel na Ethan Coen, hata hawajajulikana, walimchukua M. Emmet Walsh kwenye filamu yao ya kwanza, Blood Simple (1984), awe mpelelezi mnene, suti ya njano, jasho tele, na kicheko cha kutia kinyaa. Tuzo za Independent Spirit, za filamu huru za Marekani, zilipoanza mwaka 1986, ile ya mwigizaji mkuu wa kiume aliibeba yeye, umri umeshafika hamsini.

Mwigizaji mwenzake Harry Dean Stanton, mzaliwa wa Kentucky, Marekani, mwaka 1926, alingoja zaidi. Alikuwa anakaribia miaka sitini mwongozaji Mjerumani Wim Wenders alipompa nafasi kuu kwenye Paris, Texas, iliyoshinda tamasha la filamu la Cannes mwaka 1984. Anatokea jangwani na kofia nyekundu, na muda mrefu unapita hajatamka neno. Sura yenyewe inatosha. Mimi sehemu hiyo nairudia kuliko mazungumzo yote yanayofuata. Mkosoaji Roger Ebert alikuwa na kanuni yake: filamu yenye Stanton au Walsh pembeni haiwezi kuwa mbovu yote. Baadaye alikiri zipo zilizoivunja.

Kuhusu pesa, ni kidogo na za msimu. Steve Buscemi, mwigizaji mwingine wa aina hii, alikuwa zimamoto New York kuanzia 1980 hadi 1984, huku akihangaikia uigizaji. Kwetu hilo halimshangazi mtu: aliyekuwa mganga kwenye kamera Jumamosi, Jumatatu yuko sokoni na mizani yake.

Mmoja wa hao nilimkuta kwenye foleni ya kivuko, Kamanga. Mama mmoja alimkazia macho, akasogea.

"Shikamoo baba. Hivi hatujawahi kuonana Sengerema?"

"Marahaba, mwanangu. Huenda," akajibu, akainua begi lake, akapanda.