Kimulimuli hana moto mkiani

Wapo wanaoamini kwamba kimulimuli hubeba kaa la moto, na akitua kwenye paa la makuti anaweza kuliunguza. Si ajabu; vingi tunavyoviona vikiwaka usiku huchoma kweli.

Mwanga wake hutoka kwenye pingili za mwisho za tumbo, upande wa chini. Humo kemikali iitwayo lusiferini huungana na oksijeni kwa msaada wa kimeng'enya cha lusiferasi, na joto linalotoka ni dogo mno. Huwakawaka hivyo ili dume na jike waitane.

Kuhakikisha ni rahisi: mwache atembee kiganjani gizani, utahisi vijiguu tu. Mchana mgeuze taratibu (usimbane), utaona pingili hizo zimepauka kuliko mwili wote, wala hazina dalili ya kuungua.