Caratterista: sura inayojulikana kuliko jina lake

Katika sinema ya Italia, caratterista ni mwigizaji aliyebobea katika wahusika wa pembeni wenye sifa moja iliyokolezwa: mzee mlafi, kaka mwenye wivu, padri mbishi, mama mkwe mkali. Siye staringi, na watazamaji wengi hawamjui kwa jina. Lakini akitokea tu, ukumbi mzima unajua wa kutegemea nini. Yule anayepita barabarani nyuma ya staringi ili mtaa uonekane una watu ni kitu kingine. Caratterista ana maneno ya kusema, na ukimtoa, hadithi inapwaya.

Kazi hii ilishamiri baada ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Waongozaji walikuwa wamezoea kutafuta sura za mitaani, hata za watu ambao hawajawahi kuigiza. Tena, sauti za filamu nyingi za Italia ziliingizwa studio baada ya kupiga picha, hivyo mwongozaji aliweza kuchukua uso wa huyu na sauti ya yule.

Mfano ninaoupenda kuliko yote ni filamu I soliti ignoti ya mwongozaji Mario Monicelli (1958). Tiberio Murgia, mzaliwa wa Oristano kisiwani Sardinia, alikuwa muosha vyombo katika mgahawa mmoja wa Roma. Akapewa nafasi ya Ferribotte, Msisilia (mtu wa kisiwa cha Sisili) mwenye masharubu anayemfungia dada yake ndani asionwe na wanaume. Lafudhi ya Kisisilia tunayoisikia si yake, ni ya mtu mwingine. Humo humo Carlo Pisacane, mtu wa Napoli, ndiye kizee Capannelle, mdomo hautulii kwa kula, naye kapachikwa lafudhi ya Bologna! Watazamaji walimwamini Murgia kiasi kwamba kwa miaka mingi huyu Msardinia aliendelea kuitwa kuigiza Wasisilia. Alipata riziki ya uhakika, ila mlango wa nafasi nyingine ukawa mwembamba.

Wachache walivuka. Saro Urzì wa Catania, Msisilia kwelikweli, alifanya kazi na mwongozaji Pietro Germi tangu filamu In nome della legge (1949). Hatimaye Germi alimkabidhi nafasi ya baba anayelinda heshima ya familia kwa ukali wa kutisha katika Sedotta e abbandonata, na mwaka 1964 Urzì akatuzwa mwigizaji bora wa kiume katika tamasha la filamu la Cannes.

Huenda umeshamwona bila kujua. Katika The Godfather (1972) ndiye mwenye mgahawa kule Sisili. Vijana wanamsifia msichana waliyemwona njiani, naye anacheka nao, mpaka anapong'amua kwamba ni binti yake. Anaingia ndani kwa hasira. Michael, mmoja wa vijana hao, anaomba mzee aitwe, anamtaka radhi na kueleza nia yake, na mzee yule yule anamkaribisha nyumbani Jumapili. Kicheko, ghadhabu na ukarimu wa tahadhari, vyote ndani ya dakika chache, na Urzì havurugi hata kimoja.