China Ilihitaji Nini? Safari ya sera ya nje ya Beijing tangu 1949

Januari 1983, Waziri Mkuu wa China, Zhao Ziyang, akiwa katika ziara ndefu ya Afrika, alitangaza jijini Dar es Salaam kanuni nne za ushirikiano: usawa na kunufaishana, kujali matokeo, kutumia njia mbalimbali, na kuendelea kwa pamoja. Ukizisoma haraka utadhani ni maneno ya kawaida ya wanadiplomasia. Lakini ziweke kando ya kanuni nane alizotangaza Zhou Enlai, waziri mkuu wa wakati huo, alipozuru Afrika Magharibi mapema 1964. Zhou aliahidi mikopo isiyo na riba au yenye riba ndogo, muda wa kulipa kuongezwa mkopaji akikwama, na wataalamu wa Kichina watakaoishi kwa kiwango kile kile cha wataalamu wenyeji. Zhou alieleza China itatoa nini. Zhao alieleza kila upande utapata nini. Kati ya hotuba hizo mbili imepita miaka 19 na China tofauti kabisa.

Sisi tunaofundisha uhusiano wa kimataifa huulizwa mara kwa mara kama China ni rafiki au mkoloni mpya. Mimi huwa najibu kwa swali jingine: wakati huo unaouzungumzia, watawala wa Beijing walikuwa wanahitaji nini kutoka nje? Ukishalijua hilo, mengi yanayoonekana kama ukarimu au ubabe yanaeleweka.

Mwaka 1949 walihitaji usalama. Chama cha Kikomunisti kilikuwa kimeshinda vita vya wenyewe kwa wenyewe, lakini serikali iliyoshindwa ya Chiang Kai-shek ilikuwa imehamia Taiwan ikiwa bado inatambuliwa na Marekani na bado imekalia kiti cha China katika Umoja wa Mataifa. Mao Zedong, kiongozi wa chama hicho, akatangaza waziwazi kwamba nchi yake itaegemea upande mmoja, yaani wa Umoja wa Kisovieti. Desemba 1949 alikwenda Moscow, akakaa takriban miezi miwili, akarudi na mkataba wa ulinzi na mkopo wa dola milioni 300. Kabla mwaka 1950 haujaisha, askari wake walikuwa Korea wakipigana na Wamarekani. Vita hivyo hivyo ndivyo vilivyoleta meli za kivita za Marekani katika mlango wa bahari wa Taiwan, na suala la kisiwa hicho limebaki wazi hadi leo.

Sambamba na hayo, Zhou Enlai alikuwa anafungua mlango mwingine. Mwaka 1954 China na India zilikubaliana kanuni tano: kuheshimiana mipaka, kutoshambuliana, kutoingiliana mambo ya ndani, usawa, na kuishi pamoja kwa amani. Aprili 1955 alizipeleka Bandung, Indonesia, mbele ya wajumbe wa nchi 29 za Asia na Afrika. Maofisa wa China huzitaja kanuni hizo hadi leo, na huwa hawaongezi kwamba miaka saba tu baada ya Bandung, China na India zilipigana Himalaya.

Kisha udugu na Moscow ukavunjika. Mwaka 1960 kiongozi wa Kisovieti, Khrushchev, aliwaondoa wataalamu wake wote China, na mwaka 1969 majeshi ya nchi hizo mbili yalimwaga damu kwenye kisiwa cha mto Ussuri. Kwa karibu muongo mzima, China ilikuwa na uadui na mataifa makubwa yote mawili kwa pamoja. Hapo ndipo Afrika ilipopata uzito wake mkubwa Beijing.

Nyerere alizuru China Februari 1965, na Juni mwaka huo Zhou akaja Dar es Salaam. Zambia, isiyo na bahari, ilitegemea njia zilizopita kusini, na Rhodesia ya walowezi (Zimbabwe ya leo) ilipojitangazia uhuru Novemba 1965 njia hizo zikawa kitanzi. Benki ya Dunia ilikuwa imekwisha kusema reli ya kwenda Dar es Salaam haitalipa. China ikakubali kuijenga. Mkataba ulitiwa saini Beijing Septemba 1967, kazi ikaanza 1970, na reli ya kilomita 1,860 hadi Kapiri Mposhi, yaani TAZARA, ikakabidhiwa 1976. Mkopo wake ulikuwa karibu yuani bilioni moja, bila riba. Wachina waliofia katika mradi huo wana makaburi yao Gongo la Mboto.

Tukumbuke mkopeshaji huyo alikuwa nani. China ya wakati ule ilikuwa nchi maskini, katikati ya vurugu za Mapinduzi ya Utamaduni. Katika nusu ya kwanza ya miaka ya 1970, misaada ya nje ilikula zaidi ya asilimia 5 ya matumizi ya serikali yake, kiwango ambacho mataifa tajiri ya leo hayakaribii. Kulikuwa na imani ya kweli ya kimapinduzi, sikatai. Ila kulikuwa pia na hesabu ya kura.

Hesabu hiyo ilifungwa New York usiku wa 25 Oktoba 1971. Azimio namba 2758 la kuipa Jamhuri ya Watu wa China kiti chake katika Umoja wa Mataifa lilipita kwa kura 76 dhidi ya 35, na 26 kati ya kura za ndiyo zilitoka Afrika. Wajumbe wa Tanzania, wakiongozwa na balozi kijana Salim Ahmed Salim, walishangilia na kucheza ukumbini. Balozi wa Marekani aliyeshindwa siku ile alikuwa George H. W. Bush. Miaka kumi baadaye Salim aligombea ukatibu mkuu wa Umoja wa Mataifa. Bush alikuwa sasa makamu wa rais, na Marekani ikampinga Salim kwa kura ya turufu. China nayo ikamzuia Kurt Waldheim, aliyetaka muhula wa tatu, kwa kura ya turufu mara 16 mfululizo. Mwishowe wote wawili wakajiweka kando, na kazi akapewa Javier Pérez de Cuéllar wa Peru. Sijui mfano mwingine wa China kung'ang'ania kiasi hicho kwa ajili ya Mwafrika mmoja.

Wapo waliopata sura nyingine ya China hiyo hiyo. Angola ilipokaribia uhuru, chama cha ukombozi cha MPLA kilikuwa kikisaidiwa na Wasovieti, na kwa sababu hiyo China ikawasaidia wapinzani wa chama hicho. Kumpinga Mrusi kulitangulia mshikamano wa wapigania uhuru. Uhusiano wa kibalozi na Luanda ulianzishwa 1983 tu. Baadaye Angola ikawa nchi ya Afrika iliyokopa zaidi kutoka China, ikilipa kwa mafuta.

Hofu hiyo hiyo ya Mrusi ndiyo iliyomfikisha Rais Nixon Beijing Februari 1972, na kuwapa Wamarekani na Wachina uhusiano kamili wa kibalozi tarehe 1 Januari 1979. Wiki chache baadaye China iliivamia Vietnam, rafiki wa Moscow.

Lakini Deng Xiaoping, aliyeshika usukani mwishoni mwa 1978, alikuwa na hitaji jipya. Alitaka mitaji, teknolojia, masoko, na majirani watulivu ili uchumi ukue. Mapinduzi ya dunia yakawekwa kabatini. Ndiyo maana Zhao alikuja Dar es Salaam na lugha ya kunufaishana: mwenye mfuko alikuwa ameamua kuuhesabu. Baada ya waandamanaji kumwagwa damu katika eneo la uwanja wa Tiananmen, Beijing, Juni 1989, na vikwazo vya Magharibi vilivyofuata, Deng aliwausia wenzake wanyamaze, wafiche uwezo wao na wasubiri wakati wao. Wakati huo huo Beijing iliwakumbuka marafiki wa zamani: tangu 1991, waziri wa mambo ya nje wa China huanza kila mwaka kwa ziara ya Afrika. Mwaka 2000 likaundwa jukwaa la ushirikiano la China na Afrika, na Desemba 2001 China ikaingia Shirika la Biashara Duniani.

Wengi huamini kwamba ukimya huo ulivunjwa na Xi Jinping, kiongozi wa China tangu 2012. Ninavyoona mimi, ulianza kupasuka miaka minne kabla yake. Mwaka 2008 mabenki ya Marekani yaliporomoka huku Beijing ikiandaa Olimpiki. Desemba mwaka huo meli za kivita za China zilikwenda Ghuba ya Aden kupambana na maharamia wa Kisomali. Mwaka 2010 uchumi wake uliupita wa Japani, na katika mkutano wa Hanoi waziri wake wa mambo ya nje, Yang Jiechi, aliwaambia majirani kwamba China ni nchi kubwa na wao ni nchi ndogo, na huo ni ukweli tu. Kisha likaja la Libya, 2011: serikali ililazimika kuwaondoa raia wake zaidi ya 35,000 katikati ya vita. Nchi yenye watu na mali kila pembe ya dunia haiwezi kubaki na sera ya kutojihusisha. Kituo chake cha kwanza cha kijeshi ng'ambo kilifunguliwa Djibouti 2017.

Xi aliipa hali hiyo jina na bajeti. Machi 2013, katika safari yake ya kwanza akiwa rais, alianzia Urusi kisha akaja Tanzania. Mwaka huo huo, Astana na Jakarta, alitangaza mpango unaojulikana leo kama Ukanda na Njia. Viwanda vya chuma na saruji vya China vilikuwa vinazalisha kupita kiasi, makampuni ya ujenzi yalitaka kazi, benki zilikuwa na fedha. Reli ya kisasa (SGR) ya Mombasa hadi Nairobi, Kenya, iliyofunguliwa Mei 2017, ilijengwa kwa mikopo ya Exim Bank ya China ya takriban dola bilioni 3.2, na safari hii ilikuwa mikopo yenye riba.

Je, huo ni mtego wa madeni? Mfano unaotajwa sana ni bandari ya Hambantota, Sri Lanka, iliyokodishwa kwa kampuni ya China kwa miaka 99. Sioni ushahidi kwamba Beijing ilipanga kuinyakua tangu mwanzo, na Sri Lanka ilikuwa imekopa pia kwa wingi kwenye masoko ya hatifungani ya Magharibi. Kinachonisumbua zaidi ni usiri. Wakenya walisubiri hadi Novemba 2022 kuoneshwa sehemu ya mikataba ya reli yao wenyewe. Mikopo kwa Afrika ilifikia kilele 2016, kisha ikashuka sana. Mkopeshaji naye aliogopa hasara.

Kuhusu nani anaamua, tusihangaike sana na waziri wa mambo ya nje. Qin Gang aliondolewa Julai 2023 baada ya miezi saba tu kazini na sera haikutikisika, kwa sababu maamuzi makubwa hufanywa na kamati ya chama inayoongozwa na Xi mwenyewe. Ni huko ulikopimwa ukali wa mabalozi miaka ya korona, uliobatizwa diplomasia ya mbwamwitu, na ni huko ulikopunguzwa ulipoanza kuwaharibia sura. Ukaribu na Urusi, upatanishi wa Saudi Arabia na Iran jijini Beijing Machi 2023, na msururu wa mipango ya dunia kuhusu maendeleo na usalama, vyote vinaonesha hitaji la sasa: China inataka kuandika kanuni, baada ya miongo ya kuzifuata.

Mabadiliko hayo yamefika pia kwenye reli ya TAZARA. Septemba 2024 marais wa Tanzania, Zambia na China walishuhudia jijini Beijing utiaji saini wa makubaliano ya kuifufua. Safari hii kampuni ya China inawekeza na kuiendesha kwa miaka mingi ili irudishe fedha zake kwa nauli na mizigo, na shaba ya Zambia na Kongo ndiyo inayotazamiwa kujaza mabehewa.

Kuna jambo moja ambalo halijabadilika tangu Mao. Juni 2025 China ilitangaza kuwa iko tayari kufuta ushuru kwa bidhaa kutoka nchi 53 za Afrika. Bara lina nchi 54. Iliyoachwa ni Eswatini, nchi pekee ya Afrika ambayo bado inaitambua Taiwan.